Mchungaji Joseph Charles Price, Mkuu wa Chuo cha Livingstone

Jina la Daktari David Livingstone halina haja ya kuelezwa kwa Wakristo wa Kanisa letu. Hotuba yake ya mwaka 1857 kule Cambridge ndiyo iliyowaamsha Waingereza kuanzisha ile misheni ya vyuo vikuu, U.M.C.A., na kila aliyeingia katika Kanisa Kuu la Unguja ameonyeshwa msalaba uliotengenezwa kwa mti wa Chitambo, ambao chini yake ulizikwa moyo wake. Lakini ni wachache miongoni mwetu wanaojua kwamba huko Marekani, katika mji mdogo wa Salisbury, jimbo la North Carolina, kipo chuo chenye jina hilohilo, na kwamba waliokijenga hawakuwa Waingereza wala wazungu wa Marekani, bali watu weusi waliotoka katika utumwa karibuni. Mkuu wa chuo hicho alikuwa Mchungaji Joseph Charles Price. Maisha yake yalikuwa mafupi, hakutimiza hata miaka arobaini, lakini yanafaa kusimuliwa.

Alizaliwa tarehe 10 Februari, 1854, katika mji wa Elizabeth City, jimbo hilo la North Carolina. Mama yake, Emily Pailin, alikuwa mwanamke huru. Baba yake, Charles Dozier, alikuwa mtumwa, fundi seremala wa meli. Sheria ya nchi ile ilisema kwamba mtoto hufuata hali ya mama: mama akiwa mtumwa, mtoto ni mtumwa hata kama baba yake ni tajiri mwenye shamba, mama akiwa huru, mtoto ni huru hata kama baba yake amefungwa minyororo. Kwa sheria hiyo mbaya, ambayo iliwaponza maelfu na maelfu, Joseph alipata nafuu. Hata hivyo hakupata baba. Charles Dozier aliuzwa na kupelekwa mbali, mpaka Baltimore, kama vile mtu auzavyo randa au msumeno. Baadaye mama aliolewa na mwanamume aliyeitwa David Price, na kutoka kwake mtoto alipata jina alilolitumia maisha yake yote.

Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilipokuwa vikiendelea huko Marekani, majeshi ya Kaskazini yaliuteka mji wa New Bern ulioko pwani ya jimbo lile. Habari zikaenea upesi kwamba aliyefika New Bern amefika penye uhuru. Watu weusi wakamiminika huko kwa miguu na kwa mitumbwi, na mnamo mwaka 1863 Emily naye alikwenda pamoja na mwanawe. Joseph alikuwa na miaka tisa, na hakuwa amejua kusoma wala kuandika.

Jambo la kwanza alilolipata New Bern lilikuwa ni Shule ya Jumapili. Kanisa lililomchukua lilikuwa kanisa dogo la Mtakatifu Andrea, jina ambalo sisi tunalijua vizuri kwa ajili ya Kiungani na baadaye Minaki. Lilikuwa la Wamethodisti weusi wa madhehebu yaitwayo Zion, yaliyoanzishwa New York mwaka 1796 na waumini waliochoka kuketishwa nyuma na kungojeshwa mezani pa Bwana mpaka wazungu wamalize. Mchungaji wake alikuwa James Walker Hood, ambaye baadaye alikuwa Askofu. Kisha Joseph akasoma katika shule ya Mtakatifu Kipriano iliyokuwa ya Kanisa la Kiepiskopali, yaani ndugu zetu Waanglikana wa Marekani. Kwa hiyo na sisi tunayo sehemu ndogo katika habari hii, ingawa si vema kujivuna, kwa maana Kanisa hilohilo la Kiepiskopali kwa miaka mingi lilikuwa na waumini wengi wenye watumwa ambao hawakuona taabu kuja kushiriki Ekaristi.

Alisoma kwa haraka ya mtu aliyechelewa. Alipotimiza miaka kumi na saba alikuwa tayari mwalimu katika mji wa Wilson, akafundisha huko karibu miaka minne. Mwaka 1875 alikwenda kusoma katika Chuo cha Lincoln, Pennsylvania, chuo cha Wapresbiteri kilichowafundisha vijana weusi Kilatini, Kiyunani, hesabu na elimu ya Mungu. Mwaka 1879 alimaliza akiwa wa kwanza katika darasa lake, akaendelea na masomo ya uchungaji mpaka mwaka 1881. Alikuwa mtu mrefu, mnene, mweusi sana wa rangi, na sauti yake ilijaza ukumbi bila kupiga kelele. Siku zile wako wazungu waliopenda kusema kwamba mtu mweusi akionyesha akili basi lazima awe na damu ya kizungu mahali fulani. Kwa Price hawakuwa na la kusema, na inaonekana yeye mwenyewe alijua hivyo na hakuona haya kuwaacha wamtazame.

Mwaka uleule wa 1881, Wamethodisti wa dunia nzima walifanya mkutano mkubwa London, katika kanisa la City Road lililojengwa na John Wesley mwenyewe. Kanisa la Zion lilimtuma Price awe mmoja wa wajumbe wake. Alikuwa na miaka ishirini na saba. Aliposimama kusema, Waingereza walishangaa, na magazeti yakaanza kumwita mnenaji wa ulimwengu. Askofu Hood aliyekuwa naye pale aliona mlango umefunguka. Kanisa lao lilikuwa limeanzisha shule huko Concord, North Carolina, mwaka 1879, iliyoitwa Zion Wesley, lakini shule ile ilikuwa imekwama kwa kukosa fedha. Basi Askofu akamwomba Price asirudi nyumbani pamoja na wengine, bali abaki Uingereza aende mji kwa mji akiomba msaada.

Alibaki karibu mwaka mzima. Kila aliyewahi kushika kitabu cha risiti za michango ya kanisa anajua kazi hiyo ilivyo hata kwa watu unaowafahamu, katika lugha yako, na wewe ukilala kwako. Yeye aliifanya kati ya wageni, katika baridi, akilala leo Leeds kesho kwingine, akihubiri asubuhi na kuhutubia jioni. Alirudi na dola karibu 10,000 za Marekani, yaani pauni 2,000 hivi za wakati ule. Zote zikawa za shule. Jambo hili la pili ndilo linalonigusa zaidi kuliko lile la kwanza. Kijana asiye na mali, peke yake ng'ambo ya bahari, hana mweka hazina wa kumkagua.

Salisbury ni mji ulioko kama maili ishirini na kidogo kutoka Concord. Wenyeji wazungu wa mji ule waliposikia habari za shule hiyo walitoa dola 1,000 ili iletwe kwao. Mwezi Oktoba 1882 ikafunguliwa tena huko, Price akiwa mkuu wake, naye alikuwa na miaka ishirini na minane. Walioingia siku za kwanza hawakutosha kujaza mabenchi mawili. Tukikumbuka kwamba misheni yetu huko Unguja nayo ilianza mwaka 1864 na wavulana watano tu, waliotolewa na Sultani kutoka katika jahazi la watumwa, hatutawacheka.

Hapa nataka kusimama kidogo juu ya mji wenyewe, kwa sababu una habari ya ajabu. Wakati wa vita, watu wa Kusini walikuwa na kambi ya wafungwa Salisbury. Njaa na maradhi viliwaua wafungwa wengi mno, wakazikwa kwa pamoja katika mahandaki marefu. Mmoja wa waliofia pale mwezi Desemba 1864 alikuwa askari kijana wa jeshi la Kaskazini aliyejiandikisha kwa jina la Rupert Vincent. Hilo halikuwa jina lake. Alikuwa Robert, mwana mkubwa wa David Livingstone, mwenye miaka kumi na minane. Alikuwa amekwenda Afrika ya Kusini kumtafuta baba yake asifanikiwe kumfikia, kisha akavuka bahari na kuingia katika vita vile vya Marekani, akificha jina asimwaibishe mzazi wake. Baba alikuwa akipiga vita biashara ya watumwa upande huu wa dunia, na mwana akafa katika jeshi lililowafungua watumwa upande ule. Mwaka 1887 shule ya Price ilipobadilishwa jina na kuitwa Chuo cha Livingstone, mifupa ya kijana huyo ilikuwa imelala katika udongo wa mji uleule.

Chuo kilikua. Price alisafiri bila kupumzika, akafika hata California, na matajiri waliomsikia wakatoa fedha: Dodge, Huntington, Stanford, na wengine. Majengo yakasimama, kila moja kwa jina la aliyetoa. Kulikuwa na karakana ya ufundi, kulikuwa na ushonaji, na kulikuwa pia na Kilatini na Kiyunani, maana Price hakukubali kwamba mtu mweusi achague kati ya mikono na kichwa. Wasichana walisoma pamoja na wavulana. Walimu walikuwa watu weusi wenyewe, jambo ambalo vyuo vingi vya wakati ule, vilivyoendeshwa na wamisionari wazungu, havikuthubutu kulifanya. Wamisionari wetu wengi nao waliona ugumu kumwachia Mwafrika funguo za ofisi, wala si siri.

Mkewe alikuwa Jennie Smallwood, waliyeoana mwaka ule wa 1882. Walipata watoto watano. Ni yeye aliyebaki Salisbury na watoto na chuo, miezi kwa miezi, mume akiwa safarini. Vitabu vinavyomsifu Price havimtaji sana mama huyu, na hilo ni kosa la vitabu.

Mwaka 1888 Price alipata barua ambayo wengi wangeipokea kwa magoti. Rais wa Marekani, Grover Cleveland, alimtaka awe balozi wa nchi yake huko Liberia. Cheo kama hicho kilikuwa kimojawapo cha vyeo vikubwa kabisa ambavyo mtu mweusi aliweza kuvipata. Price alikataa. Aliona kwamba watu wake watafaidika zaidi akibaki Salisbury. Haikuwa kwamba alidharau siasa. Mwaka 1890 vyama viwili vikubwa vya kutetea haki za watu weusi, kimoja kilichokutana Chicago na kingine Washington, vilimchagua yeye huyohuyo kuwa mwenyekiti, na alikuwa msemaji mashuhuri katika kampeni za kupinga ulevi. Lakini kila mara alirudi chuoni.

Sasa nifike kwenye habari ya mpira, ambayo vijana wetu wataipenda.

Mpira wa Kimarekani si huu wetu. Wenyewe wana mpira wenye umbo la yai, nao huchukuliwa mikononi. Mchezaji hukimbia nao huku wenzake wakimkinga na adui wakimwangusha, na shabaha ni kuufikisha nyuma ya mstari wa mwisho wa upande wa pili. Vyuo vya wazungu kule New Jersey vilikuwa vimeanza kushindana mwaka 1869, kwa mchezo uliofanana zaidi na wetu, kisha kanuni zikabadilika mwaka hadi mwaka. Ulikuwa mchezo mkali, wenye kuvunja mbavu. Mpaka mwaka 1892 hapakuwa na vyuo viwili vya watu weusi vilivyowahi kukutana katika mchezo huo.

Huko Charlotte, kama maili arobaini kutoka Salisbury, palikuwa na chuo cha Wapresbiteri kilichoitwa Biddle. Mkuu wake tangu mwaka 1891 alikuwa Daniel Jackson Sanders, mtu mweusi aliyezaliwa mtumwa. Vijana wa Biddle walikuwa wamejifunza mchezo huo kwa miaka miwili wakichezana wao kwa wao, ndipo wakawaalika wa Livingstone kushindana. Wa Livingstone wakakubali ingawa hawakuwa na chochote. Walichangishana senti zao wakanunua mpira mmoja wa kweli. Kwa jezi walichukua nguo zao za kawaida zikashonewa vitambaa vya kukinga mwili. Kwa viatu walichukua vilevile vya kuvaa kila siku, wakavipigilia njumu. Kepteni alikuwa J. W. Walker. Msimamizi wa timu, naye akicheza, alikuwa kijana aliyeitwa William J. Trent.

Siku ilikuwa tarehe 27 Desemba, 1892, Sikukuu ya Mtakatifu Yohana, siku mbili baada ya Krismasi. Uwanja ulikuwa ni majani ya mbele ya chuo, mistari ikachorwa juu yake. Theluji ikaanguka. Walicheza vipindi viwili vya dakika arobaini na tano kila kimoja, na refa alikuwa mzungu mmoja mwanasheria wa Chuo Kikuu cha North Carolina. Biddle walitangulia kupata pointi. Kisha mpira ukawaponyoka mikononi, Trent akaudaka, akakimbia nao mpaka nyuma ya mstari wa mwisho.

Hapo pakazuka ubishi. Theluji ilikuwa imefunika mistari yote. Vijana wa Biddle walidai kwamba Trent alipouokota mpira alikuwa amekwisha kutoka nje ya uwanja. Wa Livingstone walisema alikuwa ndani. Hakuna aliyeweza kuonyesha mstari, kwa maana mstari ulikuwa chini ya theluji. Refa akaamua kwamba alikuwa nje. Mchezo ukaisha Biddle 5, Livingstone 0. Wako wanaoandika kwamba ilikuwa 4 kwa 0.

Tuhesabu kidogo. Kwa kanuni za mwaka ule, kuufikisha mpira nyuma ya mstari kulihesabiwa pointi 4, na teke la nyongeza lililofuata, likipita sawasawa kati ya milingoti, pointi 2. Kama refa angelikubali, wa Livingstone wangelikuwa na 4, na kwa teke zuri 6. Yaani mchezo mzima ulikaa katika hatua moja au mbili za mguu wa Trent juu ya mstari asioweza mtu kuuona. Aliyewahi kutazama mashindano ya shule zetu anajua kwamba kwa uamuzi wa namna hiyo mechi nyingine hazimaliziki, na mawe huruka.

Ile ilimalizika. Na tusisahau mwaka wenyewe. Mwaka 1892 ulikuwa mmojawapo wa miaka mibaya kabisa kwa watu weusi wa Marekani. Waliouawa na makundi ya wazungu bila mahakama, kwa kamba na kwa moto, ni wengi katika mwaka ule kuliko karibu mwaka wowote mwingine. Katika majimbo ya Kusini uamuzi wa mzungu dhidi ya mtu mweusi haukuwa na rufani. Hapa refa mzungu aliamua kati ya watu weusi na watu weusi, na waliodhulumiwa, kama kweli walidhulumiwa, walikubali kushindwa, na waliofaidika walikuwa ndugu zao. Mimi naona kulikuwa na jambo kubwa pale: timu mbili, vyuo viwili, wakuu wawili, wote wana wa utumwa au wa vizazi vyake, miaka ishirini na saba tu tangu utumwa ukomeshwe, wakibishana juu ya mstari wa mchezo na si juu ya haki ya kuishi. Vyuo vyote viwili vipo hata leo, Biddle ikiitwa sasa Johnson C. Smith, na vimeendelea kukutana na kuikumbuka siku ile.

Yeye Price alikuwa amebakiwa na miezi kumi tu. Figo zake zilikuwa zinaharibika, ugonjwa ambao madaktari wa siku zile waliuita kwa jina la Bright na hawakuwa na dawa yake. Mwili ule mkubwa uliodhoofishwa na safari za miaka kumi na miwili haukuweza tena. Alifariki Salisbury tarehe 25 Oktoba, 1893, akiwa na umri wa miaka thelathini na tisa, akazikwa katika uwanja wa chuo chake. Rafiki yake wa tangu siku za Lincoln, William Harvey Goler, akashika kazi.

Watu wengi wamejiuliza ingekuwaje kama angeliishi. Frederick Douglass, mzee wa watu weusi wa Marekani, alifariki Februari 1895, na Septemba ya mwaka huohuo Booker T. Washington wa Tuskegee alitoa hotuba yake maarufu huko Atlanta, akawataka watu wake waweke kando kwa muda madai ya siasa na kushika jembe na nyundo. Tangu siku hiyo Washington akawa mkubwa wa wote. Wanahistoria wengine wanasema kwamba kiti alichokalia kilikuwa kimeandaliwa kwa Price. Huenda. Price naye alitaka urafiki na wazungu wa Kusini na aliwasifu penye sifa, lakini hakuwa tayari kuahirisha haki ya kupiga kura wala kusema kwamba Kilatini ni kwa wengine. Upande mwingine, nadhani aliwatumaini majirani zake kuliko walivyostahili. Dola 1,000 za wenyeji wa Salisbury zilimpa moyo. Hakuiona Novemba ya mwaka 1898, ambapo wazungu wenye silaha waliipindua serikali ya mji wa Wilmington, katika jimbo lake mwenyewe, na kuwaua watu weusi barabarani. Wala hakuona kura zao zikiondolewa kwa sheria miaka miwili baadaye. Mungu alimwondolea jambo hilo. Angelisema nini, hatujui.

Mwaka uleule wa 1898 alifika Salisbury kijana mmoja kutoka Anomabo, Gold Coast, iitwayo sasa Ghana. Alikuwa ameletwa kwa msaada wa Askofu John Bryan Small wa Kanisa la Zion. Jina lake James Emman Kwegyir Aggrey. Hakumkuta Price, alikuta kaburi. Lakini alikuta pia walimu waliofundishwa naye, majengo aliyoyaombea, na desturi aliyoiacha kwamba mtu mweusi anaweza kuongoza chuo kizima. Alihitimu mwaka 1902, akabaki kufundisha mpaka mwaka 1920. Mwaka 1924 Aggrey alikuja kwetu pamoja na tume ya elimu ya Phelps-Stokes. Akapita Kenya, Uganda na Tanganyika akikagua shule na kuzungumza na watu, na wazee waliokuwa vijana wakati ule walisimulia kwa miaka mingi jinsi walivyomwona Mwafrika akikaa meza moja na Wazungu na kuhutubia bila woga. Wako wasemao kwamba maneno yake huko Dar es Salaam ndiyo yaliyowatia watu moyo wa kuanzisha chama cha Waafrika cha Tanganyika. Kutoka Kenya, Peter Mbiyu Koinange alikwenda kusoma Marekani kwa sababu ya kumsikia.

Aggrey alifariki New York tarehe 30 Julai, 1927, naye akarudishwa kuzikwa Salisbury. Mkuu wa chuo wakati huo alikuwa William J. Trent, yule kijana aliyekimbia na mpira katika theluji. Alikuwa ameishika kazi hiyo tangu mwaka 1925, akaendelea nayo miaka thelathini na miwili, mpaka mwaka 1957.